Liktori wa Roma hakuwa bodigadi

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua nisahihishe neno moja. Makala yenu ya wiki iliyopita kuhusu watawala wa Roma ya kale iliwaita maliktori, watumishi waliowatangulia watawala hao njiani, "mabodigadi wa wakubwa", kisha mwandishi akawapita kama vile hawakuwa watu. Limenikera sana. Nilikuwa tarishi wa mahakama kwa miaka 26. Kazi yangu ilikuwa kumtangulia hakimu, kufungua mlango na kuwaambia watu wasimame. Kulinda mtu ni kazi moja, kutangulia cheo ni nyingine.

Liktori alitangulia cheo. Konsuli, mtawala mkuu aliyechaguliwa kwa mwaka mmoja, alikuwa nao 12, na dikteta, mtawala wa wakati wa dharura, 24. Walitembea mbele yake mmoja nyuma ya mwenzake, kila mtu na tita la fimbo kwenye bega la kushoto, limefungwa kwa kanda nyekundu za ngozi. Mlinzi gani huyo anayejipanga foleni mbele na kuuacha mgongo wa bwana wake wazi? Mwaka 59 KK, watu walipomvamia konsuli Bibulus pale Forum, uwanja wa mikutano wa Roma, walizivunja fimbo za maliktori wake. Walijua wanachovunja ni mamlaka yake.

Na mamlaka hayo yalikuwa na mipaka ambayo kila mpita njia aliweza kuiona. Konsuli akiwa nje ya mji na jeshi, shoka lilichomekwa ndani ya tita. Akiwa ndani ya mpaka mtakatifu wa Roma, shoka liliondolewa, kwa sababu raia aliyehukumiwa kifo alikuwa na haki ya kukata rufaa kwa umma. Mbele ya mkutano wa wananchi matita yaliinamishwa, desturi ambayo Warumi walisema ilianzishwa na Publius Valerius, mmoja wa makonsuli wao wa kwanza. Hata makonsuli wenyewe, kwa kuwa walikuwa wawili, walipokezana matita mwezi kwa mwezi.

Lakini kisa ninachotaka wasomaji wakijue ni cha mwaka 213 KK. Fabius Maximus, yule mzee aliyemchosha Hannibal, jemadari wa Karthago, kwa kukataa kupigana naye uwanjani, alikuwa amekwisha kuwa konsuli mara 4. Mwaka huo mmoja wa makonsuli alikuwa mwanawe. Mzee akaja kambini akiwa juu ya farasi, na mwana akatoka kumlaki. Sheria ilitaka kila mtu ashuke mbele ya konsuli. Mzee akampita liktori wa kwanza, wa pili, wa tatu, akapita 11, wote kimya kwa kumwogopa. Hapo konsuli akamwamuru liktori wa mwisho, aliyekuwa karibu naye, afanye kazi yake. Yule mtu akamwambia Fabius Maximus ashuke. Mzee akaruka chini, akamwambia mwanawe kwamba alitaka kuona kama anajua kuwa yeye ni konsuli.

Watu husifu baba na mwana katika kisa hiki. Mimi namfikiria yule wa 12. Maliktori walikuwa watu wa chini, wengine watumwa walioachwa huru. Nami niliwahi kumwambia mjomba wangu, mzee aliyenilea, asimame wakati hakimu anaingia. Sauti ilinikauka, lakini nilisema. Alisimama.

Sisemi wote walikuwa wema. Sextius, liktori wa gavana Verres huko Sicily, aliwatoza wazazi wa waliohukumiwa kifo: pesa za kuingia kumwona mtoto, pesa za kumpelekea chakula, na pesa za kumuua kwa pigo moja asiteseke. Cicero, mwanasheria aliyemshtaki Verres, aliyaandika hayo yote katika mashtaka ya mwaka 70 KK. Kwa hiyo Sextius tunamjua kwa jina, na yule aliyemshusha Fabius kwenye farasi, Titus Livius, mwanahistoria aliyetusimulia kisa hicho, hakumtaja jina.

Ombi langu, Mhariri: mkirudi kwenye habari za Roma, waiteni maliktori, na kama neno ni geni kwa wasomaji, andikeni watangulizi wa konsuli. Tena wapeni aya yao.

Wako,
Tarishi mstaafu