Kigugumizi cha Baraka

South B, Nairobi

Mpendwa Mama Baraka,

Salamu nyingi kutoka kwetu, sote hatujambo. Barua yako imenifikia, nami nimeona jinsi kigugumizi cha mwanao kinavyokunyima usingizi, hasa baada ya mama mkwe kushikilia kwamba mtoto alitishwa. Hakutishwa na mtu. Mara nyingi hali hii huanza kati ya miaka 2 na 5, lugha inapokua kwa kasi, na wataalamu wanakubaliana kwamba kwa sehemu kubwa ni ya kurithi. Wewe mwenyewe ulimsikia babu yake akizungumza. Watoto wengi huachana nacho, ingawa wavulana hukwama nacho zaidi kuliko wasichana, ndiyo maana sikushauri ungoje tu.

Shemeji naye anadai Baraka anajifanya, kwa kuwa akiimba hakwami. Si kweli. Karibu wote wenye kigugumizi huimba bila shida, na hata kusoma pamoja na wenzao kwa sauti moja.

Kinachonitia hofu ni kule kujificha kunakofuata. Kaka yangu, mtu mzima na mwalimu hodari, akiwa kwenye matatu husubiri abiria mwingine aseme "shukisha", hata ikibidi arudi nyuma kwa miguu. Hotelini huagiza wali kwa sababu neno "chapati" halimtoki. Watu humsifu kwa upole. Upole gani huo!

Yule binti wa jirani yako anayesema mbio huku akimeza silabi, bila kutambua kwamba haeleweki, ana tatizo jingine. Na kigugumizi kikimzukia mtu mzima ghafla, akimbizwe hospitalini, maana huenda ni kiharusi.

Kwa Baraka, komesheni hayo ya "pole pole" na "vuta pumzi", wala msimmalizie maneno. Mtazame, mngoje, kisha ujibu alichosema. Mpeleke kwa mtaalamu wa tiba ya usemi mapema, umweleze kilianza lini, na kama hufumba macho au kupiga mguu chini anapokwama. Kabla ya kwenda, mrekodi kwa simu akicheza nyumbani, kwa sababu mtoto anaweza kuongea vizuri kabisa siku hiyo mbele ya mtaalamu, nawe ukaonekana umezusha.

Nijulishe utakapopata siku ya kumwona.

Ni mimi rafikiyo,
Wanza