Viwanja vinavyosubiri bei

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie viwanja vinavyogeuka mapori jijini Dar es Salaam huku wapangaji wakihangaikia vyumba wasivyovimudu.

Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Serikali ilianzisha mradi wa kupima viwanja 20,000 pembezoni mwa jiji, yakiwamo maeneo ya Kibada, Tuangoma, Mbweni na Bunju, ili kupunguza ujenzi holela. Nia ilikuwa njema kabisa. Hata hivyo, baadhi ya wenye uwezo walijichukulia zaidi ya kimoja na kukaa kusubiri bei ipande, na daraja la Kigamboni lilipofunguliwa mwaka 2016 kwa fedha za umma, likaipandisha thamani ardhi ambayo wenyewe hawakuwa wameweka hata tofali moja.

Ukipita huko leo bado utakuta misingi iliyoota majani na kuta zilizoandikwa “Kiwanja hiki hakiuzwi, ogopa matapeli”. Mwenye haja ya kweli ya kujenga hulazimika kwenda mbali zaidi, Chanika au Mkuranga, kununua eneo lisilopimwa. Asiyeweza hata hilo hubaki kugombea chumba na sebule kwa kodi ya miezi sita mbele, na dalali naye anadai ya kwake ya mwezi mmoja.

Ardhi yote ya Tanzania ni mali ya umma chini ya udhamini wa Rais. Mwenye hati amepewa haki ya kuitumia kwa muda usiozidi miaka 99, tena kwa masharti, likiwamo la kujenga ndani ya muda ambao kwa kawaida ni miezi 36, na Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inaruhusu anayekiuka kutozwa faini au kufutiwa miliki. Sisemi asumbuliwe mstaafu mwenye kiwanja kimoja aliyeshindwa bei ya saruji na nondo. Huyo aongezewe muda. Nawasema wanaolimbikiza.

Naiomba Wizara ya Ardhi ipandishe kila mwaka kodi ya pango la ardhi kwa mtu mwenye viwanja zaidi ya kimoja visivyoendelezwa baada ya muda huo kupita. Vitakavyofutwa wauziwe kwanza wasio na kiwanja popote, kwa bei ya gharama za upimaji, na orodha ya waliopata ibandikwe kwenye ofisi ya kata kila mtu aione.

Mpangaji,
Temeke, Dar es Salaam