Somo yangu, usifute zile kanda

Kwako somo yangu,

Salamu, na shemeji mpe zake. Mimi mzima. Kimya changu tutakizungumza siku nyingine, maana ujumbe wako wa jana umeninyima usingizi. Eti diski imejaa, na wiki hii unafuta mahojiano yote ya mzee ambayo hayakuingia kwenye filamu? Nakuomba sana, usifute.

Unakumbuka yaliyoyapata mahojiano ya Steve Jobs, yule mmoja wa waanzilishi wa kampuni ya Apple? Mwandishi Robert Cringely alimhoji mwaka 1995 kwa ajili ya Triumph of the Nerds, kipindi cha televisheni cha historia ya kompyuta. Jobs alikuwa na miaka 40, Apple ameshaondoka tangu 1985, yuko NeXT, kampuni ya kompyuta aliyoianzisha baadaye. Kipindi kilipotoka 1996 kilichukua vipande vichache tu, na kanda zenyewe zikapotea njiani zikisafirishwa kutoka London kwenda Marekani. Jobs alipofariki Oktoba 2011, ndipo mwongozaji wa kipindi, Paul Sen, akakuta nakala moja ya VHS, mkanda wa video wa zamani, gerejini kwake. Moja tu! Ikatolewa karibu yote, dakika kama 70.

Nimeirudia juzi. Kuna pale anaposimulia utoto wake, jirani mzee aliyekuwa na mota na kopo la kahawa vilivyounganishwa kwa mkanda. Wakaokota mawe ya kawaida nyuma ya nyumba, wakayatia koponi na maji kidogo na unga wa kusugulia, mashine ikaunguruma usiku kucha. Kesho yake mawe yakatoka laini, yanang'aa. Anasema ndivyo watu hodari wanavyofanya kazi pamoja: wanagongana, wanakwaruzana, wanang'arishana. Mhariri mwenye haraka angeikata hadithi ile. Mimi ndiyo iliyonikaa.

Ile filamu ya Alex Gibney ya 2015 kuhusu Jobs nayo nimeitazama. Imechimba mabaya yake, na yalistahili kuchimbwa, lakini humo wengine ndio wanaomweleza zaidi. Kwenye VHS ile anajieleza mwenyewe, bado hajui kwamba Apple itainunua NeXT na yeye kurudi.

Sasa mzee wetu. Pale ulipomuuliza kuhusu programu yake ya kwanza, akachukua zile kadi za matundu, ambazo zamani programu ziliandikwa juu yake, akazipanga upya moja moja, kimya, ndipo akajibu. Najua filamu yako haina nafasi ya dakika nne za mikono ya mtu. Lakini somo, wewe ndiwe uliyeniambia macho yake hayaoni vizuri siku hizi. Nani atamhoji tena?

Diski nitanunua mimi, hata mbili. Moja ikae kwako, moja kwangu.

Hujaanza kufuta, sivyo? Sauti ya siku ya pili, ile ya kinasa kidogo, umeiweka wapi? Mzee mwenyewe anajua? Na binti yake ameshaziona? Nipigie leo, hata usiku wa manane.

Ni mimi somo yako