Barua kwa Mwanangu: Andika Unachokiona

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata, na nimefurahi kusikia kwamba ile darubini ya macho mawili aliyokupa mjomba'ko imefika salama. Unasema kila usiku baada ya kujisomea unatoka nje ya bweni kutazama nyota. Hongera. Ila nimesoma barua yote mpaka mwisho, sikuona mahali unaposema kwamba unaandika. Ndilo ninalotaka tuzungumze leo, na nitakusimulia habari za nyotamkia moja ambayo tangu niisome haijanitoka kichwani.

Inaitwa Ikeya–Zhang. Tarehe 1 Februari 2002, jua lilipokwisha kuzama Japani, Kaoru Ikeya alielekeza darubini yake magharibi, akaona kiwaa cha mwanga ambacho hakikuwa cha hapo. Kioo cha darubini ile kilikuwa na kipenyo cha sentimita 25, yaani karibu upana wa sahani kubwa ya wali. Baadaye kidogo giza likaingia China, na Zhang Daqing, karibu na mji wa Kaifeng, akakiona kiwaa kilekile kwa darubini ya sentimita 20. Hawakuwa wamepeana habari. Jua huzama Japani mapema, ndiyo sababu jina la Ikeya likatangulia.

Hakuna kati yao aliyekuwa akilipwa mshahara kwa kutazama nyota. Ikeya alipata nyotamkia yake ya kwanza mwaka 1963, akiwa kijana wa miaka 19, mfanyakazi wa kiwanda cha piano, kwa darubini aliyoiunda mwenyewe. Mwaka 1965 akapata nyingine, yeye na Tsutomu Seki, iliyong'aa hata ikaonekana mchana. Baada ya ile aliyoipata mwishoni mwa 1967, alikaa miaka 34 kabla ya kuipata hii ya 2002. Ifikirie hiyo miaka, mwanangu.

Nyotamkia ni bonge la barafu na vumbi. Likikaribia Jua, barafu inageuka mvuke, vumbi linafumuka, ndipo linang'aa. Kwa hiyo wanaozitafuta huangalia upande wa machweo jua likishazama, na upande wa mawio kabla halijachomoza. (Hapa nisikilize kama mama: usiinue darubini mpaka jua liwe limezama lote. Jicho likiungua haliponi.) Mwanzoni mkia huwa hauonekani, unaona ukungu mdogo tu. Na mbingu ina ukungu mwingi wa namna hiyo usiohama: vishada vya nyota, mawingu ya gesi, na magalaksi, yaani makundi makubwa mno ya nyota yaliyo mbali sana. Anayeshtuka ni yule anayeijua mbingu kiasi kwamba kimoja kikizidi anakiona. Kisha anasubiri aone kama kitahama mbele ya nyota.

Lakini ninayempenda zaidi katika habari hii ni mtu wa tatu, ambaye mwaka 2002 alikuwa ameshafariki zaidi ya miaka 300. Johannes Hevelius alikuwa mtengenezaji wa bia huko Gdańsk, kwenye pwani ya Baltiki, na juu ya mapaa ya nyumba zake alijenga jukwaa la kutazamia nyota. Februari 1661 aliona nyotamkia, akaanza kuipima: iko mbali kiasi gani na nyota hii, kiasi gani na ile. Darubini alikuwa nazo, tena ndefu sana, lakini katika kupima mahali pa nyota alitegemea macho matupu na vyombo vyake vikubwa vya kupimia pembe kati ya nyota na nyota. Kila alichopima alikiandika.

Mwanafalaki Edmond Halley alikokotoa njia ya nyotamkia hiyo, akadhani huenda ndiyo ileile ya mwaka 1532. Kwa hesabu hiyo ingerudi karibu 1789 au 1790. Watu wakaisubiri, haikuja. Dhana ilikosea, vipimo havikukosea. Vilikaa kwenye vitabu mpaka Ikeya na Zhang walipotoa taarifa yao. Wataalamu walipokokotoa njia ya mgeni huyu, wakakuta ndiye aliyepita Gdańsk miaka 341 kabla.

Nyotamkia huwa haipewi namba ya kudumu mpaka ithibitike kwamba imerudi. Ile nyingine maarufu, inayoitwa kwa jina la Halley, ni 1P. Hii ikawa 153P. Wakati ule hapakuwa na nyingine yenye mzunguko mrefu kama huo iliyothibitishwa kuonekana mara mbili. Tarehe 18 Machi 2002 ilifika karibu kabisa na Jua, nusu ya umbali wetu sisi, na watu wakaiona kwa macho matupu. Sasa iko safarini kwenda mara 100 ya umbali wa Dunia na Jua, wakati Neptuni yenyewe iko mara 30 tu. Itarudi karibu mwaka 2362. Kama Hevelius angetazama tu akaenda kulala, uthibitisho ungengoja mpaka wakati huo.

Sikufichi, siku hizi darubini za kujiendesha, kama Pan-STARRS kule Hawaii, huwatangulia watu mara nyingi. Hata hivyo Agosti 2019 Gennadiy Borisov, huko Crimea, kwa darubini aliyoijenga mwenyewe, alipata nyotamkia iliyotoka nje kabisa ya mfumo wetu wa Jua. Nafasi bado ipo.

Unaijua kazi yangu pale ghalani. Mkulima akija na swali la alizeti ya msimu uliopita, simjibu kwa kichwa, nafungua leja: tarehe, magunia, kilo, sahihi. Nawe fanya hivyo. Andika tarehe, saa, mahali ulipo, mawingu yalikuwaje, umeona nini na kilikuwa karibu na nyota gani. Chora. Usiku ambao hukuona kitu, andika kwamba hukuona kitu. Anza kuvijua viwaa vya kusini, kile kishada cha nyota kiitwacho Omega Centauri na yale magalaksi mawili yaitwayo mawingu ya Magellan, ili visikudanganye baadaye. Tochi ifunge kitambaa chekundu chepesi, mwanga mweupe unayafanya macho yasione vizuri gizani.

Daftari lenye jalada gumu nimempa mjomba'ko, anapita huko wiki ijayo, pamoja na penseli na betri. Ukijaza ukurasa wa kwanza, ninakilie uniletee kwenye barua.

Mama yako akupendaye