Barua kwa Shangazi, kutoka Shinjuku

Shangazi yangu, shikamoo. Mimi mzima, mafua tu.

Uliniuliza kwenye simu kama huku Japani nako kuna waigizaji wa kuungaunga kama mlivyokuwa ninyi Ngamiani. Wapo! Jumamosi nilikwenda hekalu la Hanazono, limebanwa na maghorofa ya Shinjuku. Uani pale hupigwa hema jekundu la maigizo. Aliyelianzisha ni Kara Juro, mwaka 1967. Alifariki Mei 2024, lakini kundi lake halijalala. Watazamaji tunakaa chini, goti kwa goti, miguu inakufa ganzi. Mchezo ukifika mwisho, ukuta wa nyuma wa hema unafunguka, ghafla unauona mji wenyewe na taa zake, na mwigizaji anapotelea humo humo. Nililia. Maneno nilielewa nusu, basi sijui nililia nini.

Ila ninayetaka kukusimulia ni mwanamke aliyepikwa kwenye kundi la huyo Kara: Kei Fujiwara. Baadaye alishirikiana na Shinya Tsukamoto kwenye filamu ya Tetsuo ya 1989, ya nyeusi na nyeupe, ambamo mfanyakazi wa ofisini anageuka chuma kidogo kidogo. Fujiwara anaigiza mpenzi wa huyo mfanyakazi. Akimaliza kuigiza anakwenda kushika kamera, maana wapiga picha wa filamu ile ni yeye na Tsukamoto. Na sehemu kubwa waliipigia kwake, kwenye nyumba ya kupanga. Nyumba hizo unazijua, nilikutumia picha ya kwangu: ukinyoosha miguu umegusa jiko. Kazi ikawa ndefu, wasaidizi wakachoka wakaondoka. Yeye angekwenda wapi, na kwake ndiyo studio?

Nikaikumbuka sebule yako, makochi yamesukumwa ukutani, Baba anagomba kwamba taarifa ya habari haisikiki, nawe huku unakariri, huku unageuza maandazi. Watu wakiitaja Tetsuo wanamtaja Tsukamoto, na ni haki yake, aliiongoza. Mimi namtaja mwenye nyumba.

Kundi lake mwenyewe la jukwaani aliliita Organ Vital. Mwaka 1996 akaandika, akaongoza na kuigiza filamu yake, Organ, ya wezi wa viungo vya binadamu. Hiyo usiitazame umetoka kula. Mimi niliizima mara mbili, nikairudia, na bado naona ina ujasiri kuliko utamu. Ya pili, Id, ilitoka 2005. Miaka tisa, Shangazi! Wewe ulikata tamaa baada ya mvua moja kuloanisha mapazia.

Yale mapazia bado yapo kwenye sanduku la Bibi? Kama panya hawajayamaliza, nipimie urefu wake. Kuna duka huku linauza vitambaa vya jukwaani vilivyotumika, kwa kilo, na mwezi wa nane kuna mtu anakuja Tanga, mzigo wake mwepesi.

Mwanao,
Rehema