Taarifa ya mwaka ya mwenyekiti: geji, zamu na ada

Ndugu wanachama wa kikundi chetu cha kupima mto, habari zenu. Mitaro imesafishwa, semina imefanyika, kipima mvua cha huko juu kinasomwa kila asubuhi saa 3, hayo mnayajua na picha mliziona kwenye grupu, siyarudii.

Twende kwenye geji, yaani kile kipimo cha kusomea kina cha maji ya mto, maana maneno yamezidi. Ni kweli niliamua itolewe kwenye nguzo ya daraja ihamie kule juu mto uliponyooka, na ni kweli sikusubiri kikao, ila vikao viliitishwa na akidi haikutimia, sasa mlitaka nimsubiri nani? Pale darajani magogo yananasa kwenye nguzo, maji yanajaa nyuma yake, geji inaonyesha mto umefurika kumbe bado, halafu mafuriko yakipita yanachimba chini ya nguzo, kwahiyo mita 2 ya mwaka huu si mita 2 ya mwaka jana. Mnasema tumepoteza rekodi za zamani. Hazijapotea! Nilisisitiza mwenyewe geji zote mbili zisomwe pamoja msimu mzima wa mvua, ili namba za zamani zilinganishwe na mpya, ndo ya zamani ing'olewe, tena wengine mlilalamika kazi imekuwa nyingi.

Na kina peke yake hakikuambii maji mangapi yanapita kwa sekunde. Lazima upime upana, kina na kasi, mto ukiwa chini na ukiwa umejaa, ndo upate jedwali la kugeuza kina kuwa mtiririko, na sakafu ya mto ikibadilika unaanza upya. Siku za kupima ndo watu wanapata misiba na harusi.

Kuna aliyesema mafuriko ya miaka 100 yakishapita basi tumepona. Hapana, ni uwezekano wa asilimia 1 kila mwaka, ukikaa bondeni miaka 30 ni kama asilimia 26, na maji yanayokwenda kasi yenye kina cha sentimita 15 tu yanaweza kumwangusha mtu mzima, 60 yanabeba magari mengi.

Ada: waliolipa hawafiki nusu, na wasiolipa ndo wa kwanza kupiga simu usiku kuuliza maji yamefika wapi. Zamu za usiku tumebaki walewale, mimi nikiwemo, sisemi ili nisifiwe, lakini kilele cha mafuriko kinaweza kupita kati ya usomaji wa jioni na wa asubuhi mkabaki kutafuta alama za tope kwenye miti. Mwakani tunatarajia kifaa cha kujirekodi chenyewe, pia king'ora kwa majirani wa bondeni, mfuko ukiruhusu. Mweka hazina yupo hapa mpaka jioni na kitabu cha risiti.