Uanzie wapi na P. Ramlee

Sahibu yangu Hamadi,

Salamu nyingi. Umeuliza uanzie wapi na picha za P. Ramlee, yule mwigizaji, mwimbaji na mwongozaji wa filamu wa Kimalay. Popote, ila usianze na Laksamana Do Re Mi ya 1972. Hiyo ndiyo ya mwisho, na ukimpima kwayo utashangaa sifa zote zile zimetoka wapi.

Anza na Penarek Becha ya 1955, picha ya kwanza aliyoiongoza mwenyewe. Alizaliwa Penang, Malaysia ya leo, tarehe 22 Machi 1929, jina lake Teuku Zakaria, babake baharia wa Aceh, Indonesia. Mwaka 1948 mwongozaji B. S. Rajhans alivutiwa na uimbaji wake akamwita Singapore, kwenye studio ya filamu ya Shaw Brothers, mtaa wa Jalan Ampas. Mwaka huohuo akatokea katika picha ya Chinta, tena kama mtu mbaya. Waongozaji wengi wa studio ile walitoka India, kwa hiyo wewe uliyekulia picha za Kihindi hutapotea: maskini anampenda binti wa tajiri, nyimbo zinaingia, mhasidi analeta fitina. Katika Penarek Becha Ramlee hakuivunja kanuni hiyo. Aliipeleka kwa mtu anayeendesha becha, baiskeli ya magurudumu matatu ya kubeba abiria, kutafuta riziki, na pale ndipo Wamalay walipojiona.

Kisha Anak-ku Sazali ya 1956, chini ya Phani Majumdar. Ramlee anacheza baba, na anacheza pia mwanawe aliyedekezwa hadi akawa jambazi. Wanapokutana baba na mwana, sahau hila ya kamera, tazama mabega na mwendo wa kila mmoja. Picha hii ilimpa tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu za Asia, Tokyo, 1957.

Vichekesho usivikimbilie. Bujang Lapok ya 1957, yeye na Aziz Sattar na S. Shamsuddin wakiwa makapera watatu, utamu wake mwingi umo kwenye majibizano, na maandishi ya tafsiri chini ya picha hayawezi kuufikisha wote. Dawa yake ni kuitazama mara mbili: kwanza usome, halafu uwaangalie nyuso tu. Seniman Bujang Lapok ya 1961 ina faida nyingine, maana wale makapera watatu wanakwenda kuomba kazi ya uigizaji palepale Jalan Ampas, ukaiona studio kwa ndani. Madu Tiga ya 1964 haihitaji mkalimani kwetu: mume mmoja, wake watatu, na uongo usiokwisha.

Ibu Mertua-ku ya 1962 iache hadi umemzoea akichekesha. Kassim Selamat, mpiga saksafoni, anatenganishwa na mkewe na mama mkwe asiyetaka mwanamuziki nyumbani kwake. Mwisho wake sikusimulii. Ila usiitazame ukiwa na watoto wadogo.

Mwaka 1964 alihamia Kuala Lumpur, studio ya Merdeka, na hapo mambo yakaharibika. Wengi husema kipaji kilikauka. Mimi sikubali. Jalan Ampas alikuwa na mafundi na wanamuziki waliofanya kazi pamoja miaka mingi. Merdeka fedha zilikuwa chache na vifaa duni. Televisheni ilikuwa imeanza Malaysia Desemba 1963, na ugomvi na Indonesia ukaziba soko kubwa la jirani. Jalan Ampas yenyewe ilifungwa 1967. Alifariki kwa ugonjwa wa moyo tarehe 29 Mei 1973, ana miaka 44, na picha zipatazo 66 nyuma yake. Tan Sri, cheo cha heshima cha Malaysia, kilimfikia 1990, kaburini.

Jambo la mwisho, la kutafuta. Tahajia ya Kimalay ilibadilishwa 1972, hivyo picha moja ina majina mawili. Ukikosa Penarek Becha, andika Penarik Beca. Ukikosa Ibu Mertua-ku, andika Ibu Mertuaku bila kistari. Na kabla hujaanza kutazama, hakikisha nakala yenyewe ina tafsiri.

Wasalaam,
Sahibu yako